Kazi Zilizo Nyuma ya Kamera

Yafuatayo ni mazungumzo yaliyotolewa na mwanachama wetu mmoja katika mkutano wa mwaka wa wanafunzi wa zamani, mbele ya walimu na wanafunzi wa sasa. Tunayachapisha kwa maombi ya wengi waliohudhuria, na kwa faida ya wale ambao hawakuweza kufika.

Ndugu Mwenyekiti, Mwalimu Mkuu, walimu wetu, wenzangu tuliosoma hapa zamani, nanyi wadogo zetu mnaosoma hapa sasa:

Nawashukuru kwa heshima mliyonipa. Katibu wa chama aliniandikia akiniomba nieleze habari za kazi niliyoifanya miaka mingi katika televisheni na filamu. Akaongeza kwamba vijana wangependa kujua njia ya kumfikisha mtu kwenye televisheni. Swali hilo naulizwa kila niendako, na kila aniulizaye ana maana ileile: afanye nini ili sura yake ionekane. Sijapata kuulizwa na kijana hata mmoja afanye nini ili asionekane. Basi leo, kwa ruhusa yenu, nitajibu swali ambalo hamkuliuliza.

Nitajibu hivyo kwa sababu mlango wa mbele ni mwembamba na watu ni wengi. Kwa kila msomaji mmoja wa habari mnayemtazama jioni, wako watu kadhaa ambao hamtawajua kwa sura wala kwa jina. Huko nyuma ndiko kazi iliko, na huko ndiko mtu anakoweza kuanza akiwa na elimu ya hapa shuleni, macho mazima, na tabia ya kuwahi kazini.

Watu gani hao?

Tuchukue mfano mwepesi. Mzee mmoja amekaa kitini nje ya nyumba yake, anaeleza habari za mafuriko. Ninyi mtamwona kwa dakika moja. Kabla ya dakika hiyo, yupo mtu aliyetafuta habari zenyewe, akajua mzee huyo yupo, akamwomba akubali kuzungumza. Huyo, pamoja na mwenye kusimamia fedha, ruhusa na ratiba, ndio tunaowaita watayarishaji. Yupo dereva aliyewafikisha. Yupo mpiga picha, ambaye kabla ya kugusa kamera hutazama jua liko wapi na litakuwa wapi baada ya nusu saa. Yupo fundi wa taa, au walau kijana mwenye kipande cha ubao mweupe wa kurudisha mwanga usoni pa mzee. Yupo fundi wa sauti. Na wakisharudi mjini, yupo mhariri, anayekaa na saa mbili za picha akatoa humo ile dakika moja.

Katika michezo ya kuigiza huongezeka wengine. Mmoja nampenda sana kwa kuwa kazi yake haionekani mpaka ikosewe. Ni yule mwenye kutunza mfuatano. Mchezaji akiingia mlangoni amekunja mkono mmoja wa shati, na sehemu ya ndani ya nyumba ikapigwa picha siku tatu baadaye, lazima shati lile likunjwe vilevile, mkono uleule. Yeye huandika yote daftarini: glasi ilikuwa na maji kiasi gani, saa ya ukutani ilionyesha ngapi, kitambaa kilikuwa bega gani. Akiwa mzembe, watazamaji watacheka mahali palipopaswa kuwaliza.

Na mimi, niliyeanza kazi hii kwa kushika maikrofoni, naomba mniruhusu niseme neno juu ya sauti. Kwetu kazini iko kanuni moja: jicho husamehe, sikio halisamehi. Picha ikitikisika kidogo, mtazamaji atavumilia. Lakini maneno ya mzee yule yasiposikika kwa sababu ya upepo, au jenereta ya jirani, au jogoo wa uani, basi yote yaliyofanywa na wengine yamekwenda bure.

Hesabu ya futi na sekunde

Ninyi vijana mna kamera mifukoni, ndani ya simu, nanyi hupiga picha bila kuhesabu. Sisi tulilelewa na filamu yenyewe, ile ya utepe wenye matundu pembeni, na utepe ule ulikuwa na hesabu zake. Filamu ya milimita 16 ina picha 40 katika kila futi moja, na kamera ya sinema hupitisha picha 24 katika kila sekunde. Rola ya futi 100 basi huisha kwa dakika mbili na sekunde 46 hivi. Rola kubwa ya futi 400 huisha kwa dakika 11 hivi. Kila futi ilikuwa ni fedha, na fedha za kigeni. Na filamu ya rangi mara nyingi ilibidi isafirishwe ng'ambo kusafishwa, ukakaa wiki nzima au zaidi usijue umepata nini.

Tena kamera ya filamu haikushika sauti pamoja na picha namna simu zenu zinavyofanya. Sauti ilinaswa katika mashine nyingine. Iliyosifika kuliko zote iliitwa Nagra, iliyobuniwa Uswisi mwaka 1951 na fundi mwenye asili ya Poland, Stefan Kudelski. Na neno hilo kwa Kipolandi maana yake ni "itanasa". Sasa picha ziko huku na sauti iko kule, zitakutanishwaje? Ndiyo kazi ya kile kibao cha kugonga mnachokiona katika vichekesho juu ya watu wa filamu. Wengi hudhani ni pambo. Kibao kinapogongwa, kamera huona mbao mbili zikikutana, na mashine ya sauti husikia "ta!". Mhariri hutafuta picha ile ya mbao kukutana, hutafuta mlio ule, huviweka pamoja, na kuanzia hapo midomo na maneno huenda sawa. Kijana wa kibao asipogonga sawasawa, mhariri atapoteza saa nzima akitafuta mahali pa kuanzia. Ndipo unapoona kwamba uzembe wa mmoja huwa mzigo wa mwingine asiyekuwapo.

Mshika mawili

Najua yupo mwalimu wa Kiswahili hapa atakayenikumbusha kwamba mshika mawili moja humponyoka. Mimi namwambia wazee wale hawakukosea. Lakini walikuwa wanamwonya mtu anayenyoosha mikono yote miwili kwa wakati mmoja, kabla kimoja hakijakaa kiganjani. Aliyeshika la kwanza mpaka likatulia, hakuna methali inayomkataza kushika la pili.

Wenzangu wenye mvi watakumbuka magari ya sinema yaliyokuwa yakizunguka vijijini. Watoto waliona gari, wakaona kitambaa cheupe, wakaona picha. Je, mlimtazama aliyekuja nalo? Mara nyingi mtu huyohuyo ndiye aliyeendesha gari katika njia za matope, ndiye aliyewasha jenereta, ndiye aliyeweka filamu kwenye mashine na kuiunga ilipokatika. Na palipokuwa na filamu ya lugha ya kigeni, mmoja wao alishika kipaza sauti akawaeleza watu yanayotendeka kwa lugha yao, tena kwa mzaha unaowafaa. Alikuwa dereva, fundi, mwonyeshaji na mkalimani. Hakuwa mshika mawili. Alikuwa mshika manne, na sinema ilionekana.

Mfano wa pili unatoka Uingereza, kwa mtu ambaye maisha yake yameandikwa sana. David Lean aliingia katika studio za Gaumont mwaka 1927 akiwa kijana wa kuchemsha chai na kutumwa huku na huku. Akashika kibao. Kisha akajifunza kuhariri, na miaka ya 1930 akawa mhariri wa sifa kubwa. Mwaka 1942 ndipo alipopata kuongoza filamu, akishirikiana na Noël Coward. Baadaye aliongoza Lawrence of Arabia, iliyotoka 1962, ambayo ilimpatia tuzo ya Oscar ya uongozaji, na haikuwa ya kwanza kwake. Lakini linalonifurahisha zaidi ni la mwisho. Filamu yake ya A Passage to India ilipotoka mwaka 1984, naye ana umri wa miaka 76, aliyeihariri alikuwa ni yeye mwenyewe. Alikuwa na uwezo wa kuajiri mhariri yeyote duniani, akarudi kwenye meza aliyojifunzia ujana wake. Mwongozaji aliyewahi kuhariri haongozi kama wengine. Anapopiga picha anajua tayari ni vipande gani vitahitajika mezani, na vipi vitakuwa upotevu wa filamu.

Kijana wa Box Brownie

Sasa niwaletee mtu wa kwetu. Mohamed Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, mtoto wa mfanyakazi wa reli. Wazazi wake walihamia Dar es Salaam naye angali mdogo, akasomea huko. Alikuwa bado mtoto alipopata kamera ya mtumba aina ya Box Brownie, kisanduku tu chenye kioo, akaanza kupiga picha kila alichokiona. Mwaka 1963, akiwa na miaka 20, alianzisha Dar es Salaam kampuni yake ya picha, akaiita Camerapix. Kampuni ya kijana wa miaka 20! Mwaka 1966 alitiwa kizuizini Zanzibar kwa karibu mwezi mmoja kwa sababu ya kazi yake, na baada ya hapo akahamia Nairobi.

Nawaomba mtazame namna alivyofanya kazi. Alianza na picha za kawaida, za magazeti. Zilipomkaa mkononi, akajifunza kamera ya filamu, kwa kuwa televisheni za nje zilitaka picha zinazotembea. Akawa mtu wa kubeba kamera mbili, hii ya gazeti na ile ya televisheni, katika tukio lilelile. Siku Tom Mboya alipopigwa risasi Nairobi, tarehe 5 Julai 1969, Amin alifika baada ya muda mfupi sana, na picha alizozipiga ndizo zilizoonyesha msiba ule ng'ambo. Kisha akajifunza kazi ya vitabu. Mwaka 1978 alitoa kitabu cha picha juu ya Hija ya Makka. Mwaka 1981 akatoa kingine juu ya nchi ya Ziwa Turkana. Aliajiri waandishi, akapanga kurasa, akasimamia uchapaji, akauza. Alikuwa mpiga picha, mtayarishaji, mkuu wa ofisi, mchapishaji na mfanyabiashara. Kazi moja ilipolala, nyingine ilikuwa macho.

Oktoba 1984

Ulimwengu ulimjua kwa kazi ya mwezi mmoja. Mwaka 1984 njaa kuu ilikuwa imeikamata Ethiopia, hasa upande wa kaskazini. Amin alikwenda huko pamoja na Michael Buerk wa BBC, wakafika Korem na Mekele. Buerk ndiye aliyeandika na kusoma maneno. Picha zilikuwa za Amin. Zilionyeshwa na BBC tarehe 23 Oktoba 1984, na muda si muda zikachukuliwa na stesheni zaidi ya 400 za nchi mbalimbali. Kabla ya mwaka huo kwisha, wanamuziki wa Uingereza walitoa wimbo wa kuchangisha fedha, na tarehe 13 Julai 1985 likafanyika tamasha la Live Aid, London na Philadelphia kwa siku moja. Mamia ya maelfu ya watu walikwisha kufa au walikuwa wanakufa. Lakini wako walio hai kwa sababu chakula kilifika, na chakula kilifika kwa sababu picha zilitangulia.

Mara nyingi kisa hiki huelezwa kana kwamba mtu mmoja alinyanyua kamera na dunia ikalia. Waulizeni watu wa nyuma watawaambia mengine. Kwanza ilibidi kipatikane kibali cha serikali cha kwenda kaskazini, kulikokuwa na vita. Na kibali hicho kilitafutwa Addis Ababa kwa subira na kujuana na watu, kwa kuwa Amin alikuwa ameizoea Ethiopia kwa miaka mingi. Ilibidi ipatikane nafasi katika ndege. Ilibidi zipatikane betri zilizojaa mahali pasipo umeme. Ilibidi sauti inaswe, kilio cha watoto na ukimya wa watu wazima. Ilibidi kanda zitoke salama. Ilibidi mhariri akae akachague, picha ipi ianze na ipi ifuate, na aiache kila moja kwa muda gani kabla ya kukata. Kibali kisingepatikana, Oktoba ile isingekuwapo, hata kama mpiga picha angekuwa hodari namna gani.

Wako waliosema, na bado wanasema, kwamba picha zile ziliifanya Afrika nzima ionekane kama kambi moja ya njaa, na kwamba wageni walizoea kutuona tumenyoosha mikono. Neno hilo lina uzito, wala silipuuzi. Jibu langu ni kwamba mtu mwenye kazi moja tu hutumwa picha za namna moja tu. Amin alikuwa na kampuni yake na vitabu vyake, na kwa hiyo mtu yuleyule aliyeonyesha Korem aliweza pia kuonyesha mahujaji wa Makka na wavuvi wa Turkana, bila kungoja mhariri wa ng'ambo aone kama yana maana. Hii ndiyo faida kubwa ya kujua kazi nyingi kuliko hata mshahara. Anayejua kutafuta fedha, kupiga picha, kuhariri na kuchapisha, huyo anaweza kusema habari zake mwenyewe. Asiyejua, atasemewa.

Jina la John Mathai

Ndugu zangu, nimefika mahali ambapo ningependa vijana wasikilize vizuri zaidi.

Mwaka 1991 serikali ya Addis Ababa ilianguka. Siku chache baadaye, tarehe 4 Juni, ghala la silaha lilishika moto mjini humo na kuanza kulipuka. Amin na wenzake walikwenda kupiga picha. Mlipuko mmoja mkubwa ukawakuta. Amin alipoteza mkono wake wa kushoto. Aliwekewa mkono wa bandia, akarudi kazini na kamera yake, na habari hiyo iliandikwa magazetini kila mahali, kwa haki kabisa.

Pembeni yake alikuwapo fundi wa sauti, Mkenya, jina lake John Mathai. Yeye aliuawa palepale.

Kila mtu anayejua kitu juu ya picha za Afrika anamjua Mohamed Amin. Wangapi wanamjua John Mathai? Fundi wa sauti hutembea hatua mbili tatu kutoka kwa mpiga picha; miaka ile mara nyingi waliunganishwa na waya, kama mtu na kivuli chake. Mpiga picha akikimbilia kwenye moto, fundi wa sauti hukimbia naye. Mpiga picha ana kioo mbele ya jicho, na wenzangu wengi wamesema kioo hicho humfanya mtu asahau hofu. Fundi wa sauti hana kioo. Yeye anaona kila kitu kwa macho makavu, na masikioni anasikia kila kitu kimekuzwa.

Sisemi hivi ili kuwatia hofu. Sehemu kubwa ya kazi zetu haina hatari zaidi ya kuanguka ngazini. Nasema ili mjue kwamba kutoonekana hakumpunguzii mtu uzito wa kazi, wala hatari yake. Na nasema kwa sababu kuwataja watu hawa ni wajibu. Mwisho wa filamu yapo majina yanayopanda polepole, nanyi huinuka mkaondoka. Naomba siku nyingine mkae. Kila jina pale ni siku za mtu.

Amin naye hakuzeeka. Tarehe 23 Novemba 1996 alikuwa katika ndege ya Shirika la Ndege la Ethiopia iliyotekwa nyara ikitoka Addis Ababa kuelekea Nairobi. Mafuta yaliisha, ndege ikaanguka baharini karibu na ufuko wa Ngazija, Visiwa vya Komoro. Kati ya watu 175 waliokuwamo walikufa 125, yeye akiwa mmojawapo, pamoja na mwandishi Brian Tetley aliyeshirikiana naye katika vitabu vingi.

Mashine hufa

Televisheni ilianza Kenya mwaka 1962 na Uganda mwaka 1963. Zanzibar ilipata yake mwanzoni mwa miaka ya 1970, ikiwa ya rangi tangu mwanzo. Tanzania Bara ilingoja mpaka 1994. Katika muda huo wote mashine zimebadilika kama nguo za sikukuu. Tuliacha filamu tukaenda kwenye kanda za video, kwanza zile kubwa za U-matic zilizoletwa na Sony mwaka 1971, kisha Betacam ya mwaka 1982. Baadaye kanda zenyewe zikaingia tarakimu. Siku hizi hakuna kanda. Kuna kadi ndogo kuliko kucha ya kidole gumba. Mitambo ya kurushia nayo ilibadilika: Dar es Salaam ilianza kuzima matangazo ya mfumo wa zamani usiku wa tarehe 31 Desemba 2012.

Katika kila badiliko niliona mafundi wa namna mbili. Wa kwanza alisema: "Mimi ni mtu wa mashine hii." Mashine ilipotupwa, naye alitupwa. Wa pili alisema: "Mimi kazi yangu ni kufanya neno lisikike," au "kazi yangu ni kumfanya mtazamaji aelewe." Huyu alijifunza mashine mpya kwa mwezi mmoja, kwa kuwa sikio lake na jicho lake vilikwisha kufunzwa. Mkasi wa kukatia filamu umekwisha, lakini swali la mhariri ni lilelile: nikate wapi? Mashine hufa, kazi haifi.

Mfanye nini sasa

Vijana, mtaniuliza mjiandae vipi. Nitasema manne tu.

La kwanza, msidharau masomo mliyo nayo. Mwanga unaopinda katika lenzi ni fizikia ileile ya maabara yenu. Sauti inayorudi ukutani ni fizikia. Mhariri wa televisheni ya kwetu huhesabu picha 25 kwa sekunde, mchana kutwa. Hayo ni hesabu. Na asiyeweza kuandika Kiswahili safi hawezi kuandika maneno ya filamu, hata akiwa na kamera ya bei gani.

La pili, shikeni kazi moja mpaka mtu mwingine akuamini nayo bila kukusimamia. Kisha jifunze ya jirani yako. Ukiwa sauti, jifunze kuhariri. Ukiwa mhariri, kapige picha. Kazi za jirani ndizo zinazokufundisha heshima, maana utajua unamtupia mwenzako mzigo gani unapofanya kazi yako ovyoovyo.

La tatu, mapatano yawe ya maandishi. Katika kazi hizi watu hupenda kusema "tutaonana baadaye". Andikeni: kazi gani, siku ngapi, malipo kiasi gani, na jina langu litaandikwa vipi mwishoni. Karatasi haiharibu urafiki, aghalabu huulinda.

La nne, andikeni juu ya kila kisanduku na kila kadi: nini, wapi, lini, nani. Filamu za zamani za plastiki huoza zisipotunzwa mahali pakavu penye ubaridi, zikaanza kunuka siki. Na harufu hiyo ikianza huwa haina dawa ya kuirudisha nyuma. Lakini ziko filamu nyingine nzima kabisa, hazijaoza, ambazo zimekufa kwa sababu hakuna anayejua waliomo ni nani.

Nanyi wenzangu wa zamani, naomba mawili. Wengi wetu tuna ofisi, karakana, studio na mitambo. Likizo ijayo, kila mmoja amchukue kijana mmoja wa shule hii, amweke nyuma, amwache atazame, abebe waya, achemshe chai kama David Lean. Na pili, fungueni masanduku majumbani mwenu. Mkiona picha au filamu ya shule hii, ya mahafali, ya michezo, ya walimu wetu waliotangulia, ileteni kwa Katibu ikiwa na majina nyuma yake. Walio hai kati yetu bado wanaweza kumtambua mpishi, mlinzi na fundi bomba waliosimama pembeni ya picha ile ya darasa. Baada ya miaka kumi pengine hatakuwapo wa kuwatambua, nao ndio waliotulisha na kutulinda tukapata kuwa watu.

Ndugu Mwenyekiti, kabla sijashuka, napenda kuwashukuru kijana aliyefunga kipaza sauti hiki asubuhi, na mwenzake aliyeketi pale nyuma kwenye mitambo tangu tulipoanza. Mmenisikia wote mpaka mstari wa mwisho, na hakuna aliyegeuka kuwatazama. Basi wameifanya kazi yao vizuri. Naomba Katibu ayaandike majina yao katika gazeti letu.